Mama wa Kambo Katika Sinema: Kutoka Kifo Hadi Talaka

Lugha ya Kiswahili ina majina zaidi ya moja ya kumwita mtoto ambaye mume au mke amemkuta kwa mwenzake. Huitwa mtoto wa kambo, na huitwa pia mtoto wa kufikia. Mke mpya wa baba naye huitwa mama wa kambo anapotajwa pembeni, lakini aghalabu akiitwa kwa heshima mbele ya watu huitwa mama mdogo, jina lile lile apewalo dada mdogo wa mama mzazi. Kiingereza nacho kina neno lake, na neno hilo lina historia ya kusikitisha. Kiambishi step, ambacho katika lugha hiyo hutangulia maneno ya baba, mama na mtoto, hakina uhusiano wowote na hatua ya mguu kama wengi wanavyodhani. Kimetokana na neno la Kiingereza cha kale lenye maana ya kufiwa, na hapo zamani mtoto aliyeitwa kwa neno hilo alikuwa ni yatima. Waingereza wa kale, basi, hawakuweza kumtaja mama wa kambo bila ya kuligusa kaburi la mama mzazi.

Makala haya yanakusudia kueleza jinsi sinema, na hasa sinema ya Marekani ambayo ndiyo iliyoenea zaidi duniani, ilivyoionyesha familia yenye mzazi wa kambo tangu ilipoanza hadi katika karne yetu hii. Hoja yangu ni moja. Sura ya mama wa kambo katika filamu haikubadilika kwa sababu watengenezaji wa filamu wamekuwa wapole kuliko watambaji ngano waliowatangulia. Ilibadilika pale talaka ilipochukua mahali pa kifo kuwa chanzo kikubwa cha familia hizo. Mama mzazi akiwa kaburini, yule ajaye baada yake huonekana kuwa mnyang'anyi wa kiti cha marehemu. Mama mzazi akiwa hai, hakuna kiti kilicho wazi. Kuna mtoto mmoja na watu wazima watatu au wanne wanaomdai, na hadithi hulazimika kuuliza watakaaje naye kwa haki.

Kabla ya sinema kulikuwa na ngano. Kisa cha msichana anayeteswa na mke wa baba yake, kisha akajaliwa kuolewa na mfalme au mwana wa mfalme, si mali ya taifa moja. Nchini China kiliandikwa na Duan Chengshi katika karne ya 9, na msichana wa kisa hicho, Ye Xian, hupoteza kiatu kama atakavyokipoteza baadaye Cinderella wa Charles Perrault, Mfaransa aliyechapisha ngano zake mwaka 1697. Ngano zetu wenyewe hazikosi mke wa baba anayemnyima yatima chakula, wala mke mwenza anayemwonea kijicho mtoto wa mwenzake. Mambo hayo hayakuzuka hewani. Katika Ulaya ya zamani wanawake wengi walikufa katika uzazi, na mwanamume aliyeachiwa watoto wachanga alioa upesi, kwani nyumba isiyo na mwanamke haikuweza kuendesha jiko wala shamba. Mke mpya alikuta watoto asiowazaa, akazaa wake, na mali ikawa haitoshi. Nyuma ya mama wa kambo wa ngano pana suala la mkate na urithi.

Lakini lipo jambo jingine ambalo wasomaji wengi hawalijui. Ndugu wawili wa Kijerumani, Jacob na Wilhelm Grimm, walipotoa chapa ya kwanza ya ngano zao mwaka 1812, malkia aliyetaka Snow White auawe porini hakuwa mama wa kambo. Alikuwa ni mama yake mzazi. Katika chapa ya mwaka 1819 mama mzazi alifishwa mwanzoni mwa hadithi, na uovu wote akatwikwa mke wa pili. Kadhalika katika kisa cha Hansel na Gretel, mwanamke aliyeshauri watoto watupwe msituni wakati wa njaa alikuwa ni mama yao, naye akaja kuitwa mama wa kambo katika chapa ya mwaka 1840. Vitabu hivyo vilikuwa vimeanza kusomwa na watoto, na haikuonekana vema mama mzazi aonekane akiua. Hivyo mama wa kambo alibebeshwa dhambi isiyokuwa yake ili jina la mama libaki safi. Huo ndio urithi ambao sinema iliupokea.

Nayo sinema haikukawia kuutumia. Ndugu Lumière walionyesha picha zao kwa watu waliolipa kiingilio mjini Paris mwezi Desemba 1895, na kufikia mwaka 1899 Mfaransa mwenzao, Georges Méliès, alikwisha kutengeneza filamu fupi ya Cinderella. Mwaka 1937 Walt Disney alitoa Snow White and the Seven Dwarfs, filamu yake ya kwanza ndefu ya picha za kuchora, na mwaka 1950 akatoa Cinderella. Malkia wa filamu ya kwanza na Lady Tremaine wa filamu ya pili ndio waliowafundisha watoto wa mataifa mengi kwamba mama wa kambo ana uso wa namna gani: nyusi zilizoinuka, macho yanayopima, sauti isiyopanda. Lady Tremaine hana haja ya kupiga kelele. Hutoa amri, hufunga mlango wa darini kwa ufunguo, na ufunguo akautia mfukoni. Na baba yuko wapi? Amekufa mapema, na filamu haikumpa hata nafasi ya kuulizwa kwa nini hakuitambua tabia ya mwanamke aliyemleta nyumbani. Katika filamu zote mbili mtazamaji huona kwa macho ya mtoto anayeonewa. Hatuambiwi mwanamke huyo alitoka wapi, alifiwa na nani, au aliogopa nini.

Baba wa kambo naye hakuachwa. Katika The Night of the Hunter, iliyoongozwa na Charles Laughton mwaka 1955, mhubiri wa uongo anamwoa mjane kwa tamaa ya dola 10,000 ambazo marehemu mume wake aliziiba, zikafichwa ndani ya mwanasesere wa binti yao. Kijana wa mjane huyo, John, amekwisha mwapia baba yake kwamba ataitunza siri, na sasa anatakiwa amwite adui yake baba. Miaka mingi baadaye, mwaka 1982, Mswidi Ingmar Bergman alilirudia jambo hilo kwa ustadi mkubwa katika Fanny and Alexander. Mjane Emilie anaolewa na askofu, na watoto wanatolewa katika nyumba ya bibi yao iliyojaa taa na vicheko, wakapelekwa katika nyumba yenye kuta tupu na kiboko. Tukizilinganisha hadithi hizi na zile za Disney, tunaona kwamba mama wa kambo wa sinema hushitakiwa kwa wivu, na baba wa kambo hushitakiwa kwa tamaa na ukali. Mashitaka ni mbalimbali, lakini chanzo ni kile kile: mmoja amekufa, na mwingine ameingia.

Katika miaka ya 1960 sura ilianza kung'ara. Mwaka 1965 ilitoka The Sound of Music, filamu ya Robert Wise iliyopata tuzo ya Oscar ya filamu bora ya mwaka. Msichana anayetaka kuwa mtawa anapelekwa kuwalea watoto 7 wa Kapteni von Trapp aliyefiwa na mkewe, anawafundisha kuimba, na mwishowe anaolewa na baba yao. Hapa, kwa mara moja, mama wa kambo ndiye nuru ya nyumba. Hata hivyo uovu wa kale haukufutwa, ulihamishwa tu. Mchumba wa kwanza wa Kapteni, mwanamke tajiri wa mjini, ndiye anayepanga kuwapeleka watoto katika shule ya bweni. Ilikuwa kana kwamba sinema haiwezi kumsifu mama wa kambo mmoja bila ya kumtafuta mwingine wa kulaumiwa.

Kisa hicho kina asili ya kweli, na ukweli wake unafaa kukumbukwa. Agathe, mke wa kwanza wa Georg von Trapp, alikufa mwaka 1922. Maria Kutschera alifika katika nyumba hiyo karibu na mji wa Salzburg mwaka 1926, akiwa ameitwa amfundishe mmoja wa mabinti aliyekuwa amedhoofishwa na maradhi. Waliooana, yeye na Georg, walifunga ndoa mwaka 1927. Baadaye Maria alieleza katika kitabu cha maisha yake kwamba siku ile aliwapenda watoto kuliko alivyompenda baba yao. Filamu iliyageuza hayo na kutanguliza mahaba ya wawili. Wahenga wetu walisema, ukipenda boga, penda na ua lake. Methali hiyo humwelekea mtu aliyempenda mwenzake, kisha akalazimika kuwapenda na watoto alionao. Maria yeye alianza kwa kulipenda ua, na hilo ndilo jambo ambalo sinema ya wakati ule haikuthubutu kulionyesha.

Mwaka 1968 ilitoka Yours, Mine and Ours, yaani Wako, Wangu na Wetu. Nayo ilitokana na watu wa kweli wa California: Frank Beardsley wa jeshi la majini, mwenye watoto 10, na mjane Helen North, mwenye watoto 8. Walioana mwaka 1961 na wakazaa wengine 2. Katika filamu wazazi hao waliigizwa na Henry Fonda na Lucille Ball, na kichekesho chake ni kichekesho cha hesabu: nani aoge saa ngapi, nani alale wapi, chakula cha kikosi kizima kitapikwaje. Filamu inaamini kwamba nidhamu ikiwapo, koo mbili zitakuwa moja. Mwaka uliofuata televisheni ya Marekani ilianza kuonyesha The Brady Bunch, mchezo wa mfululizo ulioendelea hadi mwaka 1974, kuhusu mwanamume mwenye wavulana 3 aliyemwoa mwanamke mwenye wasichana 3. Mwanamume alielezwa wazi kuwa amefiwa. Kuhusu mume wa kwanza wa mwanamke, mchezo haukusema kama alikufa au waliachana. Mtungaji wake, Sherwood Schwartz, alikuwa amekusudia mwanamke huyo awe ameachika, lakini wenye kituo hawakuridhia. Ukimya huo ni ushahidi wa kihistoria kama yalivyo maneno. Unatuonyesha taifa zima likijua jambo, na kuona haya kulitamka.

Wakati televisheni ikinyamaza, sheria ilikuwa ikisema. Mwaka 1969 jimbo la California lilipitisha sheria iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 1970, ya kuruhusu ndoa ivunjwe bila ya mmoja kuthibitisha kosa la mwenzake. Majimbo mengine yalifuata, na katika miaka hiyo ya 1970 ndoa za Marekani zilizovunjwa na talaka zilizidi zile zilizovunjwa na kifo. Kwetu Tanzania Bara, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 nayo iliweka msingi kwamba talaka itolewe mahakama ikiridhika kuwa ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika, na kwamba katika kuamua mtoto akae na nani, manufaa ya mtoto yatangulie. Sheria hizo mbili zilitungwa katika nchi zisizofanana kwa mali wala kwa mila. Lakini zote mbili zilimkuta mtoto yule yule: mtoto mwenye wazazi wawili walio hai, katika nyumba mbili, na huenda katika kila nyumba pana mtu mwingine aliyefika.

Hollywood haikuupokea ukweli huo kwa furaha. Kwanza iliukimbia. Katika The Parent Trap ya mwaka 1961, na tena katika ile ya jina hilo hilo ya mwaka 1998, mabinti pacha waliotenganishwa na talaka ya wazazi wao wanakutana, wanabadilishana nyumba, wanamfanyia vituko mchumba wa baba hadi anakimbia, na wazazi wanarudiana. Kila mtoto aliyeshuhudia nyumba ikivunjika ameiota ndoto hiyo, na filamu humwuzia ndoto yake. Pili sinema iliogopa. The Stepfather ya Joseph Ruben, iliyotoka mwaka 1987, ni habari ya mwanamume anayeoa wanawake wenye watoto akitafuta familia isiyo na dosari, na dosari zikijitokeza huwaua wote, akahamia mji mwingine kwa jina jipya. Ni filamu ya kutisha, lakini ndani yake mna fikra nzito: hatari ya mgeni huyo ni kwamba anadai familia iwe kama picha ya ukutani, na mtoto wa watu hawezi kuwa picha.

Hatua ya kweli ilipigwa mwaka 1993 katika Mrs. Doubtfire, iliyoongozwa na Chris Columbus. Baba aliyeachana na mkewe anajigeuza mwanamke mzee na kuajiriwa kuwalea watoto wake mwenyewe ili awe karibu nao. Vichekesho vyake vilijaza majumba ya sinema, lakini la maana zaidi ni lile ambalo halikutokea. Wazazi hawakurudiana. Isitoshe, mwanamume mpya wa mama hakuwa mwovu wala mjinga. Alikuwa mtu mwema aliyekuwapo tu, na wema wake ndio uliomwumiza zaidi baba mzazi, kwani hakupata sababu ya kumchukia.

Columbus huyo huyo ndiye aliyeongoza Stepmom, yaani Mama wa Kambo, mwaka 1998, mwaka ule ule wa The Parent Trap ya pili. Katika mwaka mmoja, basi, Marekani ilitoa filamu moja inayomfukuza mchumba wa baba na nyingine inayomkaribisha. Jackie, aliyeigizwa na Susan Sarandon, ameachana na mume wake naye ni mama wa Anna na Ben. Isabel, aliyeigizwa na Julia Roberts, ni mpiga picha kijana anayeishi na baba yao. Isabel hajui kulea. Siku moja, akiwa kazini, mtoto Ben anampotea bustanini. Jackie hamsamehi, na huwaachia watoto wamdharau. Mwongozaji hampendelei hata mmoja. Tunamwona Isabel akijitahidi na kushindwa, na tunamwona Jackie akiona wivu juu ya vitu vidogo, kama vile nani anajua kumfariji Anna katika mapenzi ya kwanza. Kisha Jackie anapatwa na saratani, na wanawake hao wawili wanaketi kuzungumza. Isabel anaogopa kwamba siku ya harusi ya Anna, binti atatamani mama yake angekuwapo. Jackie anaogopa kwamba hatatamani. Katika hofu mbili hizo, zilizowekwa mezani bila ya matusi, mna maelezo ya suala hili kuliko katika ngano zote za Ulaya.

Filamu hiyo inamalizika kwa picha. Siku ya Krismasi Isabel anaipiga picha familia, yeye akiwa nyuma ya kamera kama ilivyo desturi yake, na Jackie anamwita aingie ndani ya picha. Isabel anaitega kamera ijipigie yenyewe, anakwenda kuketi karibu na mama wa watoto. Hata hivyo mwanahistoria hawezi kuacha kusema kwamba Jackie ni mgonjwa wa kufa. Hollywood ilimleta mama mzazi aliye hai, ikamketisha na mama wa kambo, kisha ikaogopa kuwaacha wote wawili waendelee kuishi. Kifo, kilichokuwa kimefukuzwa barazani, kikaingia kwa mlango wa uani.

Kwa watazamaji wa Afrika ya Mashariki, hata hivyo, somo hili halikuletwa na Marekani peke yake. Filamu za Kihindi zimetazamwa katika miji yetu tangu kabla ya uhuru, katika majumba kama Majestic ya Unguja na Empire ya Dar es Salaam, na baadaye kwa kanda za video majumbani. Mwaka 1983 Shekhar Kapur alitoa filamu yake ya kwanza, Masoom, kwa kukifuata kisa cha kitabu cha Mmarekani Erich Segal. Mwanamume mwenye mke na mabinti wawili anaambiwa kwamba uhusiano wake wa zamani nje ya ndoa ulizaa mtoto wa kiume, na kwamba mama wa mtoto amekufa. Mtoto, Rahul, analetwa nyumbani bila ya kujua kwamba mwenye nyumba ni baba yake. Mke, Indu, aliyeigizwa na Shabana Azmi, hampigi wala hamnyimi chakula. Hawezi tu kumtazama, kwa kuwa akimtazama anaiona hiana ya mumewe. Hapo ndipo ukubwa wa filamu hiyo ulipo. Katika ngano tungemwita mama wa kambo katili. Mbele ya kamera ya Kapur tunaona mtu aliyejeruhiwa na mtoto asiye na kosa, wamewekwa chumba kimoja na kosa la mtu wa tatu. Mwishoni ni Indu mwenyewe anayemrudisha mtoto aliyekuwa anapelekwa shule ya bweni. Harudishwi kwa amri ya mume wala kwa hukumu ya mzee, na kwa hiyo kurudi kwake kuna uzito.

Katika karne hii hata Lady Tremaine alipewa ulimi. Kenneth Branagh alipoitengeneza upya Cinderella mwaka 2015, mama wa kambo, aliyeigizwa na Cate Blanchett, alipata nafasi ya kusimulia kwamba aliolewa kwanza kwa mapenzi, akafiwa, akaolewa tena kwa ajili ya mabinti zake, akafiwa tena. Simulizi hilo halimwondolei kosa, lakini linamtoa katika kundi la mashetani na kumrudisha katika kundi la watu. Mwaka huo huo filamu ya kuchekesha iitwayo Daddy's Home ilimfanya baba wa kambo kuwa mtu mpole anayetamani mno kupendwa na watoto, na baba mzazi akawa ndiye mwenye majivuno na pikipiki. Yule aliyekuwa akitisha mwaka 1955 sasa anachekwa kwa huruma.

Nisieleweke kwamba nasema wakatili wamekwisha. Filamu iliyo ya kweli kuliko zote katika suala hili haikuficha ukatili. Richard Linklater aliitengeneza Boyhood kwa miaka 12, kuanzia mwaka 2002, akiwapiga picha waigizaji wale wale kidogo kidogo kila mwaka, hata mtoto Mason akakua mbele ya macho yetu kutoka darasa la kwanza hadi chuo. Filamu ilitoka mwaka 2014. Mama yake, aliyeigizwa na Patricia Arquette, anaolewa na mwalimu wa chuo mwenye watoto wawili. Watoto wanne wanakuwa ndugu: wanapanda baiskeli pamoja, wanalala nyumba moja, wanamwogopa mtu mmoja, kwani mwalimu huyo ni mlevi na anageuka kuwa mpigaji. Siku inafika mama anakuja na gari na kuwachukua watoto wake wawili. Wale wengine wawili wanabaki. Binti yake anauliza habari zao, na mama hana jibu ila kwamba sheria haimpi mamlaka juu yao. Filamu inaendelea, na watoto wale hawaonekani tena.

Katika Boyhood hiyo hiyo baba mzazi anaoa tena, na wazazi wa mke wake mpya, watu wa shamba wa Texas, wanampokea Mason siku yake ya kuzaliwa kwa zawadi za Biblia na bunduki. Hawana damu naye hata tone. Wanampa kile ambacho wangempa mjukuu wao. Linklater haongezi maelezo. Anaziweka picha mbili hizo katika filamu moja: udugu uliokatwa kwa kuwa hauna karatasi, na ujukuu ulioanzishwa bila ya karatasi.

Mjapani Hirokazu Koreeda alikwenda mbele zaidi mwaka 2015 katika Our Little Sister. Dada watatu wa mji wa Kamakura wanakwenda kumzika baba aliyewakimbia zamani, na kwenye mazishi wanamkuta mdogo wao wa baba mmoja, Suzu, binti wa yule mwanamke aliyeivunja nyumba yao. Mama yake amekufa, na sasa amebaki na mke wa mwisho wa baba, ambaye hana nguvu ya kumlea. Dada wanamwalika akaishi nao. Mpwani angelielewa jambo hilo bila ya mkalimani, kwani katika Kiswahili watoto wa baba mmoja ni ndugu, na maneno ya mama mbalimbali huongezwa tu panapohitajika. Lakini Koreeda anaonyesha kwamba neno pekee halitoshi. Suzu anajiona mwenye hatia kwa kuzaliwa kwake, na huchukua muda mrefu, pamoja na milo mingi ya jikoni, kabla hajaweza kumtaja mama yake mbele ya dada zake.

Hapo tunarudi kwetu. Katika miaka yangu ya utumishi nimezipitia fomu nyingi zenye mstari wa baba, mstari wa mama, na mstari wa mlezi. Mwanamke aliyemlea mtoto wa mumewe kwa miaka 10 huandika jina lake katika mstari wa mlezi, mahali ambapo huandikwa pia jirani, shangazi au mwenye bweni. Sisemi kwamba fomu ni dhalimu, kwani serikali lazima ijue nani mzazi. Nasema kwamba panapokoma mstari wa fomu ndipo kazi ya msanii inapoanza. Kulea mimba si kazi, kazi ni kulea mwana. Na kazi hiyo, katika nyumba nyingi za miji na vijiji vyetu, inafanywa na mtu ambaye hakuibeba mimba. Filamu zetu za Kiswahili, zilizoenea kwa kanda na diski tangu miaka ya 2000, zinamjua sana mama wa kambo mwenye roho mbaya, anayemtumikisha yatima baba akiwa safarini. Mama huyo wapo watu waliomwona kwa macho, na haifai afichwe. Lakini ndiye yule yule aliyeundwa upya Ujerumani mwaka 1819, na nchi aliyoumbiwa ilikuwa nchi ya mama waliokufa. Watoto wetu wengi leo wana mama mzazi mtaa wa pili, anayepiga simu jioni kuuliza kama wamekula.

Filamu ya nyumba hiyo ingekuwa na maswali ya kutosha bila ya sumu wala kioo cha uchawi: nani alipe ada, mtoto alale wapi siku ya Idi, mke mpya amkanye kwa kiasi gani, na mama mzazi akija mlangoni akaribishwe ndani au asimame nje. Lugha yetu imekwisha kumpa mke huyo jina la mama mdogo, jina lisilotaja kifo wala talaka. Kilichobaki ni kutuonyesha siku ambayo mtoto, baada ya miezi ya kumkwepa asimwite kwa jina lolote, analitamka mwenyewe, bila ya kuamriwa na baba yake.